Nilivyomtafsiri Mama wa Surabaya

Chumba changu kiko nyuma ya cherehani za Mama Anaeli,
Majengo, mtaa ambao mvua ikinyesha huitwa mto.
Maiki nimeivalisha soksi ya shule ya mwanangu,
feni nimeizima, maana nayo hupenda kusema,
na kwenye Luku zimebaki yuniti tatu na robo.

Natafsiri Waindonesia.
Kiindonesia sikijui. Nasema kweli, hapa hakuna polisi.
Naangalia midomo, naangalia mikono,
nampima mtu kwa anavyofunga mlango,
kisha namtilia maneno.

Bibi mwenye hereni, yule anayemchukia mkamwana wake,
nilimzaa Marangu, nikambatiza Mama Mkunde,
nikamkopesha matusi ya sokoni Mbuyuni.
Ilipotoka sehemu ya tisa
watu wa Marangu walinijia juu:
kwa nini mwovu kila siku atoke kwetu?
Sehemu ya kumi nikamhamishia Rombo.
Flashi zikauzwa maradufu.

Nyuma ya nyumba yao kuna mlima unaofuka.
Wao wameuachia mlima moshi wake.
Sisi wetu umenyamaza; Moshi tumeupa mji.

Sasa kuna maneno mawili
ambayo mama mwingine, si huyu wa hereni,
yule mwembamba, muuza wali kando ya reli,
humwambia mwanawe kila anapoingia.
Pikipiki haijazimwa, kofia haijavuliwa:
sudah makan.
Uso wake umekunjamana kwa uchovu,
mimi nikausoma hasira.
Nikatafsiri: "Umetoka wapi, mhuni wewe?"
Sehemu ya nne: "Hela iko wapi?"
Sehemu ya sita kijana kafukuzwa kazi, kalowa chapachapa,
mama kasema yaleyale, kwa sauti ya chini,
nami nikanguruma:
"Heri ningezaa jiwe!"
Kibanda umiza cha Pasua kilicheka mpaka bati likalia.

Maneno mengine yalikuja yenyewe, hayakunihitaji.
Dunia, alisema mzee mmoja akikata roho, na ilikuwa dunia.
Bendera, bendera.
Miskin, akasema mtu, nikageuka
nikidhani Mama Anaeli ananisema.
Jioni moja adhana yao na ya msikiti wetu
zilianza pamoja, moja spikani, moja dirishani.
Nilizima maiki, nikakaa.
Sikujua niitafsiri ipi.

Kisha kipande cha dakika moja kikatoroka simuni mwa mtu,
kikavuka maji bila nauli,
na baada ya wiki tatu ikanifikia sauti ya msichana,
Wulandari, Surabaya,
Kiswahili chake cha kujifunza kwa simu,
kila silabi kaiweka chini taratibu kama yai.
Alicheka kwanza, akacheka hadi akakohoa.
"Kaka, mama yule hatukani.
Anauliza, umeshakula?"

Nilirudi sehemu ya kwanza.
Umeshakula. Mlangoni, umeshakula. Hospitalini, umeshakula.
Mara arobaini na moja, nilihesabu,
na mara arobaini na moja nimemtukanisha mtoto wake.

Mama yangu yuko Kibosho, ana simu ya vibonye.
Hajawahi kuniuliza kazi yangu ni kazi gani.
Huuliza neno moja, na mimi humjibu
nina shughuli, mama, nitakupigia.

Flashi za zamani sizipati tena, zimefika Himo,
zimefika Holili, huko kijana bado ni jiwe.
Lakini sehemu ya kumi na moja nilisogea kwenye soksi,
nikalainisha koo kwa maji ya uvuguvugu,
na kijana alipoingia nikasema, polepole,
"Umeshakula?"

Jumamosi nilisimama mlangoni Pasua kusikiliza.
Kibanda kizima kimya.
Mmoja akapayuka: "Mtafsiri leo anaumwa!"
Wakaguna, wakadai hela yao.
Na mwingine, nyuma kabisa, gizani, simjui,
akaijibu skrini:
"Bado, mama."